Nyumba ya Kumi na Tisa

Jumatatu, 3 Machi. Asubuhi ya ukungu, hakuna upepo.

Mdogo wangu mpendwa,

Pokea salamu zangu. Mimi ni mzima, isipokuwa goti la kushoto linalonikumbusha umri wangu kila nikiinama. Natumaini kifua chako kimepona na baridi ya huko imepungua. Mama Mizani anakusalimu. Macho yake yamezidi kufifia, lakini ulimi wake bado unaona vizuri.

Naandika saa mbili, nimetoka kuzunguka. Wiki hii zamu yangu ni nyumba nne: ya seremala, ya karani wa ghala, ya wale mapacha, na yako ambayo simwachii mtu. Utaratibu ni ule ule uliouacha. Saa kumi na mbili na robo tunafungua madirisha ya waliotoka, jua likizama tunayafunga, na Jumamosi tunafagia nyua zao. Ukungu kama wa leo ukishuka, ninapofungua kila dirisha nasikia nyumba inavuta pumzi. Ya seremala bado inanuka maranda. Yako inanuka kabati la mama.

Sasa nikupe habari. Wale wa Mpango wa Kufufua Vijiji wametufikia. Walimtuma mpimaji, binti mrefu mwenye buti za mpira na sauti ya upole. Alitukusanya mbele ya shule akasema, "Sikuja kuwaambia. Nimekuja kuwasikiliza." Mwenyekiti akamnong'oneza Mwalimu, "Basi leo tutakesha." Mpimaji akatuchoresha kijiji chetu chini kwa majivu: barabara, mto, daraja lililovunjika. Kila nyumba jiwe moja, jumla mawe thelathini na nane. Kisha akagawa maharage, tuweke haragwe moja kwa kila mtu aliyepo.

Wewe unatujua. Mwenyekiti aliweka la kwake, akaweka na la seremala. Mpimaji akauliza, "Seremala huyu ni wa hapa?"

"Wa hapa. Ametoka tu."

Akaandika. Mama Mizani akawawekea mapacha. Mimi nikakuwekea wewe haragwe jekundu. Tulipomaliza hapakuwa na jiwe lililobaki peke yake, na kwa kweli kijiji kilipendeza pale chini, kama tulivyokuwa zamani. Mpimaji alilala kwa Mwalimu, na asubuhi akapita nyumba hadi nyumba na fomu yake. Madirisha yote yalikuwa wazi, nyua zimefagiwa. Tulijiona tumeng'ara.

Wakituchukua, watajenga daraja, wataleta mwalimu wa pili na muuguzi. Wasipotuchukua, mwakani shule inafungwa, maana ina watoto tisa tu, na sisi sote tutahamishiwa kule njia panda, kwenye vibanda vya bati vilivyopangwa kama meno. Mimi katika umri huu sijui nitapangwa jino gani.

Niandikie. Simu ya kamati inashika mtandao kule kilimani tu, na mimi siwezi kusema mambo marefu nimesimama.

Dada yako


(Imepokelewa 27 Machi)

Jumatano, 19 Machi

Dada yangu,

Shikamoo. Kifua kimepona, nashukuru kwa kuuliza. Lipake goti lako mafuta ya moto, na uache kuinama kama msichana. Mpe Mama Mizani salamu zangu, mwambie ulimi wake nausikia hadi huku.

Haragwe jekundu, mimi? Ungeniwekea lenye madoa, lile linalochelewa kuiva.

Bado nipo kwenye karakana ya mapazia. Tuko cherehani sita katika chumba kirefu, na msimamizi wetu tunamwita Sentimita kwa sababu hasamehei hata moja. Juzi nilikata pazia la dirisha lenye urefu wa watu wawili. Mwenye nyumba hiyo simjui wala sitamjua, lakini usiku niliota nimesimama ndani ya dirisha lake, nje pana mto wetu, nawe unapita ng'ambo na ufunguo mkononi. Nikakuita. Ulikuwa unahesabu, hukugeuka.

Dirisha la chumba changu linatazama ukuta wa jirani. Nikinyoosha mkono naugusa. Wenzangu wakinitania juu ya ukuta huo, huwaambia, "Mimi nina dirisha langu jingine, na hivi sasa liko wazi." Wananicheka. Jirani yangu wa cherehani husema, "Haya, liambie lituletee upepo." Lakini ikifika asubuhi, kabla ya cherehani kuanza kupiga kelele, nafumba macho na nasikia bawaba.

Mwenyekiti na maharage yake wamenichekesha hadi Sentimita akaja kuuliza kulikoni. Natumaini mtachukuliwa. Kuhusu kuja, mwaka huu tutaona.

Mdogo wako


Jumapili, 13 Aprili. Manyunyu tangu alfajiri, milima haionekani.

Mdogo wangu,

Salamu za upendo. Goti linaendelea na mafuta yako. Natumaini uko salama na Sentimita amepungua japo nusu.

Hatukuchukuliwa.

Barua ililetwa njia panda wiki iliyopita, Mwalimu akaisoma mbele ya wote. Nimenakili sehemu yake katika kitabu changu cha siku, nawe nakunakilia: "Kijiji kimeonekana kuwa hai. Nyumba zote thelathini na nane zina wakazi. Usafi wa nyua na madirisha ni wa kupigiwa mfano. Mnapongezwa." Mpango ni wa vijiji vinavyokufa, na sisi tumeonekana wazima kuliko wote wilayani.

Mama Mizani ndiye aliyesema, "Tumesifiwa mpaka tumekufa."

Mwenyekiti alikasirika. Akasema mpimaji yule hana macho. Nikamwambia macho anayo, sisi ndio tuliomwonyesha. Nikaenda kuchukua vitabu vyangu vya siku, vyote kumi na kimoja, nikawasomea ni nani alitoka lini na nani amekuwa akimfungulia. Nilisoma kutwa. Watu walikuwa wakiitikia "naam" kwa kila jina, kama Mwalimu anapoita watoto. Nilipomaliza, jumla ilikuwa nyumba kumi na tisa zisizo na mtu na kumi na tisa zenye watu. Nilikuwa nimeandika yote hayo kwa mkono wangu, mdogo wangu, lakini sikuwahi kujumlisha.

Tumekata rufaa. Mpimaji atarudi Jumamosi, 17 Mei. Sharti lao ni kwamba angalau nusu ya nyumba ziwe zimefungwa, na watakachohesabu ni kinachoonekana, maana maneno yetu wameshayasikia. Kwa hiyo kamati imeamua kwamba asubuhi ya siku hiyo hakuna atakayefungua nyumba ya aliyetoka. Nusu ya thelathini na nane ni kumi na tisa. Hakuna ya kuzidi. Ya kumi na tisa ni yako.

Kila mwenye zamu ameambiwa aulize wenyewe, wale wanaopatikana. Nami nakuuliza. Ile nyumba marehemu mama alikupa wewe, kitindamimba wake, na alinikabidhi mimi ufunguo kwa maneno haya: usiifunge mpaka mwenyewe aseme. Miaka kumi na mmoja haikurukwa siku. Nilipolazwa kwa ajili ya goti, alinishikia Mama Mizani, akiyapapasa makomeo kwa vidole.

Ningeweza kupanda kilimani nikupigie, lakini neno hili nataka uliandike. Nifunge au nisifunge? Nisipofunga, tunabaki kumi na nane na kijiji kinahama. Nikifunga, nitakuwa nimesema hurudi. Sema wewe.

Dada yako


Ijumaa, 9 Mei. Mvua kubwa hadi saa nne, kisha jua la kuumiza macho.

Mdogo wangu,

Salamu. Natumaini huumwi.

Mto umejaa na mtu wa posta anaishia ng'ambo. Labda barua yako iko mfukoni mwake. Jana nilipanda kilimani, nikakupigia mara mbili, hukupokea. Nikaona nisikusumbue kazini.

Imebaki wiki moja. Mwenyekiti ananiuliza kila tukikutana, "Katibu, mdogo wako amesemaje?" Namjibu anafikiri. Jana akaniambia, "Mwambie afikiri haraka, daraja halijengwi kwa mawazo." Nilimkasirikia, kisha nikaona ana haki.

Nimeota madirisha yote yamehamia mtoni, yanaelea yakiwa wazi, na sisi tunakimbia ukingoni tukitafuta ya kwetu. Lako lilikuwa na pazia jipya. Nilipoamka nilitaka kukuuliza kama ndilo ulilokata.

Dada yako


Jumapili, 18 Mei. Ukungu umeshuka hadi usawa wa magoti, hakuna mvua.

Mdogo wangu,

Salamu zangu zikufikie ulipo. Barua yako haikufika. Nakuandikia jambo nililolifanya, ulisikie kwangu kabla ya kulisikia kwa watu.

Jana niliamka saa kumi na moja kama kawaida, nikakaa kitandani na mikono isiyo na kazi. Ilipofika saa kumi na mbili na robo hapakusikika bawaba hata moja. Sikujua kwamba asubuhi yetu yote ilikuwa imejengwa kwa sauti zile. Hata kuku walichelewa kutoka.

Saa moja na nusu tulianza kukusanyika, Mama Mizani hakuonekana. Tukamkuta amesimama katikati ya barabara, fimbo juu, hasogei. Miaka hii ambayo haoni vizuri, alikuwa anatembea kwa harufu za madirisha: akipita maranda anajua ni kwa seremala, akipita nta ya viatu ni kwa mapacha, hapo anapinda kushoto. Akatuuliza, "Nani ameziondoa nyumba?" Mwalimu akamshika mkono. Hakuna aliyecheka.

Mpimaji alivushwa mto kwa kamba. Akapita na fomu yake, nyumba hadi nyumba, nasi nyuma yake kama watu wanaosindikiza. Mbao, mbao, mbao. Nilikuwa sijawahi kuyaona madirisha yale kwa nje yakiwa yamefungwa mchana. Rangi ya nje ni mpya kabisa, kwa sababu muda wote jua limekuwa likipiga upande wa ndani.

Tukafika kwako. Lilikuwa wazi.

Mdogo wangu, sikudhamiria. Kabla hatujakusanyika nilikuwa nimetoka kwenda kuteka maji, na ufunguo unakaa mfukoni mwangu siku zote. Mkono ulifanya wenyewe. Kijiji kizima kilikuwa kimya, na pazia lako peke yake lilikuwa linatembea.

Mpimaji akasema, "Kumi na nane." Akaangalia dirisha, akaniangalia. "Katibu, hii ina mtu?"

"Ni ya mdogo wangu."

"Yupo?"

Neno lilikuwa limeshafika mdomoni, lile letu la siku zote: ametoka tu. Mwenyekiti akakohoa. Nikasema, "Hayupo. Ni mwaka wa kumi na moja hayupo." Niliyasikia maneno hayo kana kwamba mtu mwingine ameyasema nyuma yangu.

"Fomu inasema iliyofungwa, mama. Iliyo wazi sina mahali pa kuiandika."

"Nipe dakika tano."

Niliingia. Kitanda, kabati, kiti kile cha mguu mfupi. Katika mkeka pana kipande kimepauka, mraba kamili, pale jua linapoanguka kila asubuhi tangu ulipoondoka. Nilisimama ndani ya mraba huo, miguu yangu miwili ikaenea. Kisha nikafunga. Komeo liliingia bila kubisha, maana nililipaka mafuta mwenyewe. Gizani ule mraba ulibaki unaonekana kidogo, kama maji.

Nilipotoka nikamwambia mpimaji, "Kumi na tisa." Aliandika polepole. Halafu akafunga jalada lake, akasema kwa sauti ambayo labda mimi tu niliisikia, "Kwetu hakuna aliyetufungulia, mama."

Nimefunga bila neno lako na bila idhini ya mama. Nisamehe. Ufunguo nimeutundika ukutani, mfuko umekuwa mwepesi mno.

Dada yako


(Imepokelewa 29 Mei. Mto ulikuwa umejaa.)

Jumanne, 13 Mei

Dada yangu,

Shikamoo. Siumwi. Ulipopiga simu nilikuwa naiangalia inavyoita, na mkasi mkononi. Sikuwa nakata kitu. Nisamehe.

Barua hii ni ya tano, nne za kwanza nimezichana. Katika ya kwanza niliandika usifunge, nakuja Disemba. Nikajua naongopa. Katika ya pili niliandika funga, nimeshakuwa mtu wa huku. Nikajua naongopa tena. Nyingine mbili hata sikumbuki, zilikuwa na maneno mengi.

Acha nikueleze ukweli, maana wewe umeniuliza kwa ukweli. Dirisha lile ndilo lililoniweka huku. Kila mwaka nilipotaka kufunga mzigo, nilijiambia, haraka ya nini, nyumba iko wazi, dada anaipa hewa, mraba wa jua uko pale pale. Mtu gani hukimbilia kitu kisichomkimbia? Wewe ulikuwa unaamka kwa niaba yangu. Uliishi siku zangu za huko, nami nikaishi za huku, na hakuna kati yetu aliyeona kuna kinachopungua, ila goti lako.

Sikulaumu. Ni mimi niliyekuachia zamu isiyoisha.

Funga, dada. Sitakuahidi kitu, nimeahidi vya kutosha. Lakini tangu nilipoandika neno hilo katika ile barua ya pili, usiku naliona dirisha limefungwa, na mikono yangu inawasha. Hakuna mtu anayefunga safari kwenda kufungua kilicho wazi. Funga na ufunguo uutundike mahali nitakapoufikia mimi.

Na asubuhi ya kesho yake, ulale.

Mdogo wako


Jumamosi, 6 Septemba. Umande mzito, baadaye anga safi kabisa.

Mdogo wangu,

Salamu. Safari hii sina haja ya kuuliza hali yako, nimekuona kwa macho yangu ukivuka daraja.

Nimeshakuandikia jinsi tulivyochukuliwa, na jinsi mpimaji alivyotuuliza tuanze na nini, na Mama Mizani akajibu, "Anza na njia ya kurudia." Daraja likashinda kwa mikono yote, ya watoto tisa ikiwemo, ingawa Mwalimu alisema hawaruhusiwi kupiga kura. Nimekuandikia pia kwamba seremala alikuja Julai kwa ajili ya mbao za daraja, akasema ni wiki mbili tu, na bado yupo. Siku alipofungua dirisha lake Mama Mizani alisimama barabarani, akavuta hewa, akasema, "Hayo si maranda ya zamani."

Sikukuandikia kwamba kwa miezi mitatu na ushei niliendelea kuamka saa ile ile. Ulisema nilale. Nilikuwa nakaa na kalamu, kitabu kimefunguliwa, na pale nilipozoea kuandika "nimefungua kwa mdogo" naacha mstari mtupu. Nimeihesabu leo: mistari mia moja na kumi na mmoja.

Ulifika saa tisa na dakika arobaini, kwa miguu, begi moja. Ulidhani sikukuona. Nilikuwa nyuma ya uzio, naanika nguo ambazo zilikuwa zimeshakauka. Ulikuja ukanisalimu, ukaomba ufunguo, na sikusema yale yote niliyokuwa nimeyapanga. Nilisema tu, "Upo ukutani."

Mlango ulifunguka upesi. Dirisha ndilo lililogoma. Mvua za Mei zilivimbisha mbao, na komeo sikulipaka tena mafuta. Nilikusikia ukisukuma, ukipiga kwa kiganja, ukiitukana bawaba kwa maneno ambayo mama asingeyapenda. Mwenyekiti alikuwa anapita, akaja kuniambia kwa sauti ya chini, "Katibu, nenda kamsaidie, atavunja." Nikamwambia, "Mwache." Nilikuwa nimeushika uzio kwa mikono miwili. Lilifunguka saa kumi na dakika ishirini, kwa kishindo, na vumbi likatoka kwanza, halafu uso wako.

Mwenyekiti akasema, "Sasa tutakuwa na nyumba ngapi zilizofungwa?" Nikamjibu kumi na saba, na mpimaji alishatuambia kwamba kuanzia sasa kazi ya hesabu hiyo ni kushuka.

Jioni ulinipa pazia. Ni refu kwa dirisha lile, sentimita nane, ulisema ulikadiria kwa kumbukumbu. Niliona pia tiketi ya kurudi, mezani, chini ya mkasi. Tarehe ilikuwa imefunikwa. Sikuusogeza mkasi.

Barua hii haihitaji posta. Kutoka mlangoni kwangu hadi kwako ni hatua thelathini na moja, kwa goti langu thelathini na nne. Nitakuletea kesho, kama tulivyozoea, maana kuna mambo ambayo mimi na wewe hatujui kuyasema bila karatasi.

Taa yako bado inawaka. Nakuona ukipima pindo la pazia.

Dada yako


(Kitabu cha siku)

Jumapili, 7 Septemba. Nimeamka saa moja, jua limeshapanda, hali ya hewa ya asubuhi sikuiona. Dirisha lake liko wazi na sikusikia lilipofunguliwa. Kwa kumbukumbu: jana nilipata usingizi saa tatu na dakika hamsini.